Chombo lilichomoka

Nina posti yangu ya zamani ya Gran Turismo, ile gemu ya mbio za magari, nilitaka niirudishe ikiwa imeandikwa upya, stori ile ile maneno mengine, nikaanza kuisoma aisee nikaona aibu mwenyewe. Neno "mbio" limo mara 14, "kasi" mara 11, na kuna aya moja gari "linakimbia kwa kasi" sentensi tatu mfululizo, kama kasuku.

Uvivu ukanipeleka kwenye programu flani ya kubadilisha maneno, unabandika maandishi huku yanatokea kule eti mapya. Yakatokea kweli. "Mbio za magari" zikawa "ukimbizi wa magari", nikawaza haya magari yanakimbia vita gani tena. "Kukata kona" ikawa "kukata pembe", hapo ng'ombe kashaingia barabarani. Ila iliyonivunja mbavu ni "dereva aliyeshinda" kugeuka "dereva aliyekaa kutwa", maana kushinda si ndo kukaa mahali mchana kutwa pia, kwahiyo huwezi hata kusema imekosea, ila mi naongelea mtu aliyeshika namba moja we unaniletea mtu aliyeshinda kijiweni.

Alafu ikaja hii: "gari lilichomoka" ikawa "chombo lilichomoka". Hapa ndo nikaelewa tatizo liko wapi, kwa Kiswahili hubadilishi neno moja ukaondoka zako, ukigusa nomino sentensi nzima inahama na ngeli yake. Gari lilichomoka, chombo kilichomoka, ndinga ilichomoka, mkoko ulichomoka. Na ukishaandika ndinga hapo juu lazima uteremke mpaka chini ufute kila "li" na "lake" uliyoacha, ukisahau moja tu msomaji anajua huyu kakopi mahali (na atakuwa sahihi).

Basi nikaifanya kwa mkono. Nikagundua haya maneno tunayodhani ni mapacha wala hayalingani. Kasi ni kitu unachokiona kwenye mita, inapanda inashuka. Mwendo hata kobe anao, kwahiyo "mwendo" peke yake hausemi kitu mpaka useme ni mkali au mdogo. Upesi ni habari ya kumaliza, amemaliza raundi upesi. Na haraka sasa, haraka ina lawama ndani yake, ukisema dereva aliingia kona kwa haraka mi nishajua anaenda ukutani. Sehemu moja nikaiacha "haraka" makusudi kabisa sababu kweli nilienda ukutani.

Iliyonichosha zaidi ni kuteleza. Kwenye Mario Kart, gemu nyingine ya mbio ila ya kikatuni, kuteleza ni mtaji, unaingia kona unaliachia gari liende ubavu ubavu, cheche za bluu zinatoka chini ya tairi, ukizidi kushikilia zinakuwa za machungwa, ukiachia unarushwa mbele. Kwenye Gran Turismo ukifanya hivo unapoteza muda, tairi likishaanza kulia jua umeshakosea huko nyuma, ulichelewa kufunga breki au uliwahi kukanyaga mafuta. Sasa programu inaona neno ni moja inakupa jibu moja. Mi nikagawa: Mario Kart gari linaserereka, maana kuserereka kuna raha yake kama mtoto kwenye bembea ya kutelezea, Gran Turismo gari linateleza, kama mtu kwenye sakafu ya maji. Hakuna kamusi iliyoniambia hivo ni sikio tu, na kama sikio lako linasema tofauti sawa, kuna watu wanasema kudrifti kwa zote mbili na wanaeleweka vizuri.

Kuna sehemu nyingine sikubadilisha neno kabisa nikabadilisha ninachoangalia. Niliandika "nikaongeza kasi nikalipita gari la mbele", nikakaa natafuta mwenzie wa kasi, sioni, mwisho nikawasha gemu nikacheza ile raundi tena nione hasa nilifanya nini. Kumbe kasi sikuongeza mimi. Nilijibanza nyuma yake kwenye ule mstari mrefu, yeye anapasua upepo mi nakula ulaini, gari likapata nguvu lenyewe, karibu na kona nikatoka ubavuni nikamchomekea. Si ndo nikaandika hivo hivo, na neno "kasi" halimo.

Breki nayo, nimetafuta mpaka basi. "Kizuia mwendo"? Hapana bana. Na huwezi kuiongelea Gran Turismo bila breki, mitihani ya leseni ilikuwepo toka ile ya kwanza ya 1997 na wa mwanzoni kabisa kazi ni kuondoka, kukolea, alafu kusimama ndani ya eneo walilokuchorea, ukipitiliza umefeli unarudia. Kwahiyo mbio zimebaki 5, kasi 4, na breki iko pale pale mara 6 sijaigusa.