Jinsi nilivyoupata muziki wa makaburini

Nilikuwa na miaka tisa baba aliponipeleka kibanda umiza cha mtaani kwetu Tanga, tukaangalia The Good, the Bad and the Ugly, ile picha ya kaboi ya mwaka 1966. Kilichonikaa hadi leo ni Tuco, mmoja wa wahusika wake wakuu, akikimbia kama kichaa katikati ya maelfu ya makaburi akitafuta moja lililofukiwa dhahabu, na sauti ya mwanamke ikipanda, ikipanda, bila kutamka neno hata moja.

Mwaka jana baba alikuwa anakuja kunitembelea hapa Leicester, Uingereza. Nikataka muziki ule aukute kwenye gari, na niupate kwa kuulipia. Mtunzi wake, Ennio Morricone, aliutolea jasho, siwezi kuuchukua hivi hivi.

Nikaandika jina la filamu kwenye duka moja la mtandaoni, nikanunua wa kwanza uliotokea. Kumbe ni bendi nyingine imeurudia, tena ule wa mwanzo wa picha, wenye mluzi. Muziki wa picha hii umerudiwa na wengi. Mwanamuziki Hugo Montenegro alivuma nao mwaka 1968, na kwa kweli alipiga vizuri, ila sio niliokuwa nautafuta.

Safari ya pili nikaifungua filamu yenyewe, nikaisogeza hadi makaburini, nikaiwekea simu yenye Shazam, programu inayotambua wimbo kwa kuusikiliza. Jina likaja: The Ecstasy of Gold. Nikatafuta kwa jina hilo pamoja na la Morricone, na kabla ya kulipa nikalinganisha kionjo na filamu. Piano inazungukazunguka, inaingia ala ya ukoo wa zumari, ndipo anapokuja Edda Dell'Orso, mwenye ile sauti.

Programu ya muziki ninayolipia kila mwezi inaruhusu kupakua, lakini wimbo hautoki humo, na redio ya gari langu inasoma flashi tu. Kwa hiyo nilinunua faili lenyewe Qobuz, duka la muziki la mtandaoni, haikufika pauni 2. Nikachagua faili la aina ya MP3, maana redio haifungui FLAC, aina nyingine ya faili la muziki.

Tukitoka uwanja wa ndege nikabonyeza. Baba alikuwa akinisimulia habari za shamba, akanyamaza katikati ya sentensi.

"Si makaburini hapa?"

"Ndiyo, baba."

Akasikiliza mpaka ukaisha, mkono umeshika mkanda wa kiti.

"Hebu urudishe mwanzo, mwanangu."