Kinyago cha Tumbo, Newala

Dar hadi Mtwara sina la kusimulia, ni basi na usingizi. Kupanda Newala ndiko nilikochunwa. Kijana wa bodaboda alipoliona begi la kamera akaongeza nauli mara mbili, na gesti nayo ikanitoza bei ya mgeni kwa chumba chenye ndoo moja ya maji. Maji ni shida huku juu, hilo naelewa. Bei sielewi.

Natengeneza filamu kuhusu mwili wa binadamu, jinsi daktari anavyouona na jinsi msanii anavyouona. Newala niliifuata kwa ajili ya chikungunya. Homa hiyo ilitambuliwa mara ya kwanza kwenye uwanda huu wa Wamakonde, ilipolipuka mwaka 1952 na 1953. Huenezwa na mbu wanaouma mchana, na homa ikishaisha viungo vinaweza kuuma miezi mingi.

Nikapelekwa kwa mchongaji mmoja mzee sana. Nikamwamkia, nikaeleza shida yangu. Alijibu kwa ufupi: mama yake aliugua, mchi ukamshinda kushika, shangazi zake wakawa wanamtwangia. Basi. Akarudi kwenye kazi yake, kinyago cha tumbo, kile ambacho mwanaume hujifunga kwenye ngoma akacheza kama mjamzito. Si cha mpingo. Mpingo mzito, nani atacheza nao? Kilikuwa cha mti mweupe, mwepesi.

Nikawasha kamera.

“Zima kwanza, mjukuu wangu. Mikono yangu piga. Kinavyovaliwa hapana, hayo ni ya jandoni.”

Nikazima. Akaushika mkono wangu, akaupitisha kwenye mti. Chini ya matiti paliingia vidole vinne vitupu. Uzito wote umeshuka, kitovu kimetokeza nje, nembo, zile chale za Kimakonde, zimekizunguka.

“Huyu kabakiza siku chache. Mtoto akishuka, mama anapumua vizuri, ila kutembea ndiyo kazi.”

Daktari wa wajawazito niliyemrekodi Dar alinieleza hilohilo kwa mchoro: kichwa cha mtoto kikiingia kwenye nyonga, mapafu ya mama hupata nafasi.

“Babu, wewe umejuaje?”

“Mama yako alipokuwa na mimba ya mdogo wako, kichwa chako kilimfika wapi?”

Kilimfika hapohapo. Nikauona ua wa kwetu Tanga, mama kakaa kwenye mkeka anachambua mchele, mimi nimemwegemea, mara teke likanipiga shavuni. Nilikimbia nikilia, nikidhani amekasirika.

Usiku nilimpigia mama simu. Alicheka sana, akasema mimba ile ilishuka mapema hadi mkunga akamkataza kubeba ndoo. Nikamwomba ayaseme hayo mbele ya kamera. Amekubali, ila anataka kwanza akione hicho kinyago, na mimi nilichonacho ni picha za mikono ya mzee. Kesho nitarudi kwake kuomba ruhusa, nikipata bodaboda ya bei ya kibinadamu.