Kutoka barazani naziona fleti za Kikwajuni

Huu mwezi wa pili tangu nirudi Unguja. Nikikaa barazani kwa mjomba naziona fleti za Kikwajuni, zile walizotujengea Wajerumani Mashariki baada ya Mapinduzi. Rangi imebanduka, nguo zimeanikwa. Niliondoka 1987 kwenda Leipzig kusomea ufundi wa mitambo. Miaka mitatu baadaye nchi iliyozijenga ikafutika, zenyewe zipo.

Kila jioni mjomba ananiuliza lile lile: "Ukuta wa Berlin ulipoanguka, si walifurahi?"

Walifurahi, mjomba. Waliruka. Ila mie naikumbuka zaidi tarehe 1 Julai 1990, siku ilipoingia mark, fedha ya Ujerumani Magharibi. Mishahara ilibadilishwa mark moja ya Mashariki kwa moja ya Magharibi, na akiba vilevile hadi mark 4,000 kwa mtu mzima. Iliyozidi ikakatwa nusu. Mama niliyepanga chumba kwake, msokota nyuzi kwenye kiwanda cha pamba, alirudi na kahawa nzuri na ndizi. Ndizi, jamani! Nilicheka mpaka akanuna.

Kumbe ndizo fedha zilizoua kiwanda chake. Wateja wa Poland na Urusi hawakuwa na mark za Magharibi za kununulia, na Wajerumani wenyewe hawakutaka tena kitu kilichotengenezwa kwao. Viwanda vyote vilikuwa mikononi mwa Treuhandanstalt, shirika la serikali la kubinafsisha mali za Mashariki, lenye wafanyakazi kama milioni 4 chini yake: likauza, likafunga.

Wenzetu wa Msumbiji, waliokuja kwa mkataba kufanya kazi viwandani, walikuwa wa mwanzo kuachishwa. Walirudishwa kwao, na wengi mpaka leo wanadai mishahara waliyokatwa, hadi asilimia 60, waliyoahidiwa kulipwa nyumbani.

Yule mama alipewa barua akiwa na miaka 52. Posho ya kukosa kazi ilimtosha kula. Lakini kiwanda ndicho kilichokuwa na chekechea alikolelea wanawe, zahanati, chakula cha mchana, na mashoga zake wote. Aliniuliza: "Saa kumi na moja alfajiri macho yanafunguka yenyewe. Naamkia nini?"

"Basi zamani kulikuwa bora," anasema mjomba.

Hata. Gari la Trabant unalisubiri zaidi ya miaka kumi, na jirani anapeleka maneno yako kwa wapelelezi. Hayo yule mama hakuyataka tena hata kuyasikia.

Kiwanda siku hizi ni kumbi za maonyesho ya sanaa, wageni wanamiminika. Nilimwalika mara mbili twende. Mpaka anafariki hakukubali kuvuka lile geti kama mgeni.