Kuni za Mugumo Haziokotwi

Katika kitabu cha maisha yake, Unbowed, kilichotoka mwaka 2006, mwanamazingira wa Kenya Wangari Maathai anasimulia jinsi mama yake alivyokuwa akimtuma kuni kule Ihithe, Nyeri, na kumwonya asiokote hata kijiti kikavu chini ya mugumo, mti mtakatifu kwa Wakikuyu, uliokuwa jirani na kwao. Mti ule ni wa Mungu, alimwambia. Hatuutumii, hatuukati, hatuuchomi. Mtoto akaenda kutafuta kuni kwingine.

Nafundisha fasihi katika shule ya upili, na ukurasa huo ndio ninaoanza nao kila tunapofika kwenye mada ya binadamu na maumbile. Wanafunzi wengi huja na jibu walilokwisha kulikariri: maumbile humpa mwandishi mandhari, hutuliza moyo wa msomaji, hupamba lugha. Jibu hilo linapata alama, sikatai. Ila ukilipeleka Ihithe halina pa kukaa. Yule mama hakumsifia bintiye uzuri wa mugumo. Alimfahamisha kwamba una mwenyewe.

Mimi ni Mdigo wa Kinondo, kusini mwa Diani, na maneno ya namna hiyo nimeyasikia tangu sijaanza shule. Kaya Kinondo ni msitu wa kama hekta 30 tu, karibu na bahari, na ni miongoni mwa makaya, yaani misitu mitakatifu ya Wamijikenda wa pwani ya Kenya, yaliyoingizwa na UNESCO katika orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 2008. Siku hizi mgeni akija huvikwa kaniki nyeusi kabla ya kuingia, hutembezwa na mwenyeji, na haruhusiwi kutoka na kitu, hata jani. Enzi za bibi yangu hapakuwa na wageni wa kutembezwa. Tulikuwa tukipita kando ya msitu kutoka kuchota maji, mbega wakirukaruka juu, na kuni kavu zimejaa pale chini, nzuri kabisa, za kuwaka bila moshi. Mkono wangu ukinyooka kidogo tu, bibi alikuwa ananiita kwa jina langu lote. "Humo hamchukuliwi kitu, mjukuu wangu. Humo mna wenyewe." Kisha tunakwenda mbali, juani, kutafuta vijiti vyembamba visivyoivisha hata muhogo.

Baba alikuwa akisomesha madrasa na hakupenda mazungumzo ya mizimu mbele ya wanawe. Hata hivyo sikuwahi kumwona akipitisha panga katika msitu ule.

Ndoa ndiyo iliyonileta Nyeri, nchi ya baridi na majani chai, na huku nikaukuta mugumo nikiwa na sikio la Kinondo. Mama mkwe wangu ni mtu wa kanisa hasa, Jumapili haimkosi. Kwenye mpaka wa shamba lake kuna mugumo mkubwa unaotia kivuli mistari miwili ya chai, na kila baada ya muda hutokea mtu wa kumshauri aukate. Jibu lake ni moja: "Huo sikuupanda mimi." Nimemuuliza kwa adabu kama anauogopa. Alicheka, akasema haogopi mti, anaogopa kuwa mtu wa kuukata.

Mugumo wenyewe ni mti wa ajabu ukiutazama kwa karibu. Mara nyingi hauanzii chini. Ndege hula tunda lake, akatua kwenye mti mwingine, akaacha mbegu juu kwenye panda la tawi. Hapo inachipua, inateremsha mizizi kama kamba hadi ardhini, mizizi inanenepa na kuungana, na baada ya miaka mingi ule mti mwenyeji unakuwa umemezwa. Ukisimama mbele ya shina lake unaona wazi kwamba ni kamba nyingi zilizosokotana, na mahali pengine pana uwazi wa kupitisha mkono. Sishangai wazee hawakuuchukulia kuwa mti kama miti mingine.

Sasa rudi kwa Wangari. Karibu na mugumo ule wa Ihithe palikuwa na kijito, na mtoto huyu alikuwa akienda kuchota maji pale, anakunywa moja kwa moja kutoka kwenye chemchemi, anacheza katikati ya majani ya nduma. Aliona mayai ya chura yamejipanga kwenye maji, akadhani ni shanga, akajaribu kuyainua ayavae shingoni, yakampasukia vidoleni. Baadaye akaona viluwiluwi vyeusi vikihangaika kwenye maji yale yale. Mwaka 1960 alikwenda kusoma Marekani. Aliporudi, baadaye akaja kukuta shamba lile limepata mmiliki mpya, aliyeona mugumo unamlia nafasi, akaukata apande chai. Kijito kikakauka. Hapo ndipo anapoeleza alichojifunza ukubwani: mizizi ya mti ule ilikuwa imepenya mwamba hadi kwenye maji ya chini, na maji yakawa yanapanda kuifuata mizizi hadi pale ardhi ilipo dhaifu, yakabubujika. Mizizi hiyo hiyo ilikuwa imeshikilia udongo wa mteremko usiporomoke. Mama yake hakujua habari za mwamba wa chini. Alijua mwiko, na mwiko ulilinda maji bila kuhitaji kueleza kwa nini.

Kijito hicho alikipeleka hadi Oslo. Tarehe 10 Desemba 2004, alipopokea Tuzo ya Nobel ya Amani mbele ya wafalme na mabalozi, alimalizia hotuba yake kwa nduma, mayai ya chura na viluwiluwi, na kwa kueleza kwamba kijito kimekauka na wanawake wanatembea mbali kutafuta maji. Kila nikiisoma hotuba ile kwa sauti darasani, koo hunikaba pale pale kwenye shanga.

Kwa hiyo napodai kwamba fasihi yetu haituelezi maumbile kama pambo, ndiyo hoja yangu hiyo. Inaeleza makubaliano. Mtu anapewa maji, kivuli, mvua, na anatakiwa kujizuia. Chunguza hadithi zetu utaona kwamba roho inayoonekana katika mti au mto haipo ili kumfurahisha mtu, ipo kudai.

Mfano ninaoupenda zaidi ni mto Honia katika The River Between ya Ngũgĩ wa Thiong'o, riwaya ya mwaka 1965. Milima miwili, Kameno na Makuyu, imelala ikitazamana, na katikati unapita mto usiokauka. Wanafunzi huandika kwamba Honia ni mandhari. Nami huwaambia: haya, fungueni kitabu, mtafute nani anakunywa pale, nani anatahiriwa pale, nani anahukumiwa pale. Wakimaliza hapana anayeuita tena mandhari. Waiyaki, kijana ambaye ndiye mhusika mkuu, anaingia kwenye maji yale ya alfajiri, baridi inamtia ganzi, kisu kinapita, damu yake inadondoka kwenye udongo, na Ngũgĩ anaandika kwamba tangu hapo kuna kifungo cha kidini kati ya kijana huyu na ardhi, kana kwamba damu ile ilikuwa sadaka. Nataka wanafunzi wakae na sentensi hiyo. Hakuna uzuri wa kupumzikia humo. Kuna deni limewekwa sahihi kwa damu. Na katika msimu huo huo Muthoni, binti wa mhubiri Joshua, anautafuta uhusiano ule ule kwa njia ile ile, na kidonda kinamuua. Mwandishi haendi upande wowote kwa wepesi, wala mto hausemi kitu. Unaendelea kupita, wenye Kameno wanaona hivi na wenye Makuyu wanaona vile.

Kabla ya hapo, Chege, baba yake Waiyaki, amempandisha mwanawe hadi kwenye kichaka kitakatifu kilimani, penye mugumo, akamwonyesha nchi yote hadi Kerinyaga, yaani Mlima Kenya. Mti mtakatifu unatokea pia katika Facing Mount Kenya ya Jomo Kenyatta, ya mwaka 1938: Gĩkũyũ, baba wa kwanza wa Wakikuyu, ana mabinti lakini hana waume wa kuwaoza, anaambiwa atoe sadaka chini ya mti, na vijana wanapatikana. Nayapitia haraka haya kwa sababu yanajulikana. Ninachotaka msomaji aone ni kitu kimoja tu, kwamba Waiyaki hakwenda kilimani peke yake.

Miaka yangu ya chuo tulisomeshwa sana William Wordsworth wa Uingereza, anayetangatanga mpweke hadi anakuta maua ya manjano yakicheza kando ya ziwa, na baadaye, akiwa amejilaza, yanamrudia akilini yakamfurahisha. Nampenda Wordsworth, nisieleweke vibaya. Shairi lile ni zuri na furaha yake ni ya kweli. Ila uhusiano wake na yale maua ni wa mtu mmoja na nafsi yake. Kwetu mtu haendi kwenye mti mtakatifu mpweke. Waiyaki anapelekwa na baba yake. Wangari anatumwa na mama yake. Mimi nilikuwa na bibi. Kati yako na mti pana mtu mzima aliyepokea mwiko kutoka kwa mtu mzima mwingine, na mnyororo huo ukikatika, kinachobaki ni kuni za bure.

Upande wa Ziwa Viktoria, Grace Ogot aliandika hadithi fupi ambayo kila nikiisomesha darasa halitulii, The Rain Came. Ukame umekaza, mganga Ndithi anamletea mtemi Labong'o ujumbe kwamba ili mvua inyeshe ni lazima Oganda, binti pekee wa mtemi, aliwe na dude la ziwani. Mwanzoni msichana anafikiri anaozwa. Akishaambiwa ukweli, kijiji kinafanya sherehe. Halafu anapewa njia na kuachiwa aende ziwani kwa miguu yake mwenyewe, na watu waliomlea wanamuaga. Kijana anayempenda, Osinda, anamfuata, anamvika vazi la majani limkinge na macho ya wahenga na hasira ya dude, wanakimbia. Na hapo hapo radi inapiga, mvua inamwagika.

Darasa langu hugawanyika palepale. Kuna wanaosema mvua imekuja kwa kuwa Oganda alikubali kwenda, nia ndiyo sadaka. Wapo wanaosema ilikuwa inakuja tu, na kijiji kilitaka kumuua mtoto bure. Mwaka jana msichana mmoja wa kidato cha tatu, ambaye huongea kwa nadra, alisimama akasema: "Mwalimu, mbona hawakumuuliza Oganda?" Nikawaacha nusu saa nzima wajibizane. Swali lile ni kubwa, kwa sababu mimi mtetezi wa miiko ni lazima nilijibu. Makubaliano kati ya watu na ziwa yalikuwepo, lakini aliyetolewa kuyalipa ni asiyekuwa na sauti. Muthoni naye hakusikilizwa, si nyumbani kwa baba yake, si kwingineko. Ogot alikuwa jasiri kutuonyesha kwamba mwiko unaweza kulinda msitu na unaweza pia kumtoa mhanga mtoto wa mtu. Napenda mwiko wa bibi. Ule wa Labong'o siupendi, na sioni ugumu wa kusema yote mawili kwa pumzi moja.

Kuna wanaonitumia ujumbe, wengi wao ni Waislamu wenzangu, kuniuliza kama kuandika hivi si kukaribisha ushirikina. Nawajibu kwa heshima. Sisujudii mti. Nasali vipindi vyangu. Ila nasoma katika Qur'ani kwamba nyota na miti vinasujudu, na sioni kwa nini kiumbe anayesujudu nimkate apishe banda la kukodisha. Wakristo wa Nyeri wana hoja zao na wanazipigania wenyewe. Wangari, Mkatoliki, aliziandika katika Replenishing the Earth mwaka 2010, na mama mkwe wangu anaziishi pale mpakani.

Kinachonikera ni kwamba mugumo umepata waandishi wake, ziwa limepata Ogot, na mimi bado naisubiri riwaya kubwa ya Kiswahili ambayo kaya ndiyo mhusika wake mkuu kama Honia alivyo kule. Lugha tunayo. Tuna msamiati wote wa pwani, kuanzia fingo, kago la kuilinda kaya, lililofukiwa katikati ya msitu hadi hondohondo anayelia juu ya miti asubuhi. Wanafunzi wangu wa zamani walioko Kwale na Kilifi, mnaoandika na mnaoficha daftari, nawasemesha ninyi. Wekeni humo mzee wa kaya anayekataa pesa za kiwanja na mwanawe anayezitaka, maana mwanawe naye ana karo ya kulipa na si mtu mbaya. Mtieni binti ambaye haruhusiwi kusema kikaoni, mumpe nafasi ya kuuliza lile swali la kidato cha tatu. Na msiutafsirie msomaji msitu wenu kwa maneno ya watalii. Mkimaliza sura ya kwanza nitumieni, niko tayari kuisoma usiku huo huo.