Dark Side of the Moon kwa biti 24, chini ya bati la Mbeya

Ukitaka kuisikiliza Dark Side of the Moon kwa ubora wa juu, anza na faili. Albamu hii ya Pink Floyd ya mwaka 1973 ina dakika kama 43. Kwa stereo ya biti 24 na kHz 96 (vipimo vya ubora wa sauti, juu ya CD), bila kubanwa, inakaribia GB 1.5. FLAC, aina ya faili inayobana sauti, huipunguza bila kupoteza sauti yoyote, ila bado italamba bando. Ukipewa albamu nzima ya MB 100, hiyo ni saizi ya MP3.

Bluetooth weka kando, huibana sauti upya njiani. Tumia hedifoni za waya na DAC ya USB-C (kifaa kidogo kinachogeuza sauti ya kidijitali kuwa ya kusikika hedifoni), pamoja na programu inayoukwepa mfumo wa sauti wa Android. Bila hiyo simu nyingi hushusha kHz 96 kuwa 48 kimyakimya.

Sasa yale mapigo ya moyo ya mwanzo wa albamu. Yanatoka kwenye ukimya, yanapanda taratibu mno, na hapo ndipo rimasta nzuri (toleo lililosafishwa upya sauti) inapojulikana. Lakini Mwanjelwa, hapa Mbeya, Januari, mvua ikipiga bati huyasikii kabisa. Ukiongeza sauti kuyatafuta, ukelele unaofuata utakuumiza masikio. Subiri mvua ikatike, au vaa hedifoni zinazofunika sikio lote.