Visiwa vya Åland na ubishi wa mwaloni

Jana jioni nilikuwa mwaloni Kirumba, soko la samaki pale Mwanza, nasubiri mama mmoja anipimie dagaa, ndoo yake imepasuka mdomo kaishona na uzi wa nyavu, pembeni jamaa wawili wanabishana kisiwa cha Migingo cha Ziwa Victoria ni cha Kenya au cha Uganda, wakati mpaka wenyewe Mwingereza aliuandika kwenye karatasi 1926. Mawazo yangu yakaenda Åland moja kwa moja.

Hivi ni visiwa vya kati ya Ufini na Uswidi, vilikuwa chini ya Urusi ya wafalme, dola lilipoanguka 1917 Ufini ikajitenga lakini watu wa Åland wanaongea Kiswidi bwana, wakataka warudi Uswidi. Ufini ikatoa sheria ya kujitawala 1920, wakaikataa. Kesi ikafika Ligi ya Mataifa, ile iliyotangulia Umoja wa Mataifa, 1921 ikaamua visiwa vibaki Ufini ila Kiswidi chao kilindwe na kusiwe na ngome za jeshi. Mpaka leo wana bunge lao, na mgeni hajinunulii tu ardhi mpaka awe na haki ya ukaazi wa huko.

Hiyo ya ardhi ndo inanigusa kabisa, mtu wa kisiwani ukimhakikishia lugha yake na shamba la bibi yake, panga la nini tena? Migingo ni tofauti lakini, kule ugomvi ni sangara.

Nikawasimulia wale jamaa, mmoja akaniuliza, "Sasa samaki wa huko Åland anavua nani?"