Mechi 1,155, kisha straiki tatu

Usiku huu nimeiangalia tena ile video ya Drew Maggi, mchezaji wa besiboli wa Marekani, na machozi yamenitoka tena. Acha niandike kabla sijalala.

Ni Aprili 2023, ndani ya chumba cha kubadilishia nguo cha Altoona Curve, timu ya besiboli ya ligi ndogo huko Pennsylvania. Kocha Callix Crabbe anawatangazia wachezaji kwamba Maggi ameitwa timu ya wakubwa, Pittsburgh Pirates. Vijana wanapiga mayowe na kumkumbatia kana kwamba wameitwa wao. Crabbe mwenyewe aliionja ligi kuu mwaka 2008 tu, kwa hiyo alijua anatangaza nini.

Maggi alikuwa na miaka 33. Pirates hao hao walimchagua mwaka 2010, na tangu hapo alikuwa amehama klabu hii na ile, akacheza mechi 1,155 za ligi ndogo. Kwa daraja alilokuwepo, kima cha chini cha mshahara kilikuwa dola 13,800 kwa mwaka, mpaka mkataba wa 2023 ulipokipandisha hadi 30,250. Ligi kuu mwaka huo kilikuwa 720,000. Septemba 2021 Minnesota Twins walimwita, akavaa jezi, akakaa benchi, akarudishwa bila kuingia uwanjani hata mara moja. Hapo ndipo ninapomvulia kofia. Msimu uliofuata alikwenda tena mazoezini.

Watu wengi wanasema mvumilivu hula mbivu. Mimi sikubaliani, kwa kisa hiki walau. Ligi ndogo zimejaa watu wavumilivu kama yeye ambao simu haikuwahi kuwafikia. Hata nafasi yake ilipatikana kwa sababu Bryan Reynolds, mchezaji wa Pirates, alikuwa amepewa ruhusa ya msiba. Uvumilivu ulimfanya awepo tu. Mlango ulifunguliwa na huzuni ya mtu mwingine.

Tarehe 26 Aprili, Pirates wanaongoza kwa mbali dhidi ya Los Angeles Dodgers, duru ya nane. Maggi anatoka na gongo lake kuchukua zamu ya Andrew McCutchen, kipenzi cha mji mzima. Na uwanja wote unasimama. Mpira haujarushwa bado! Hajapiga, hajakimbia, hajaipa timu hata pointi moja, na watu wanampigia makofi. Mrushaji Alex Vesia akamtoa kwa straiki tatu, yaani mara tatu alishindwa kuupiga vizuri mpira.

Wengine hupenda kuruka mpaka siku tatu baadaye kule Washington, alipopiga mpira wake wa kwanza uliomfikisha kituoni, kana kwamba hapo ndipo alipostahili makofi. Nimefurahi kwamba alipiga, kwa dhati kabisa. Lakini yale makofi ya Pittsburgh yalikuwa ya haki zaidi, kwa sababu yalilipa kazi iliyokwisha kufanyika, miaka ya viwanja vyenye majukwaa matupu. Ni mara chache sana nimeona umati ukimshukuru mtu kabla ya matokeo.

Alicheza mechi tatu tu ligi kuu. Zamu sita za kupiga, mbili zikafaulu, wastani wa .333. Kisha Maggi akafungasha virago akarudi ligi ndogo, na msimu ule akaendelea kucheza.